Waulize Wataalamu: Kwa Nini Mwili na Akili Hubadilika Ghafla

Barua nyingi za mwezi huu zimetoka kwa watu tofauti kabisa, ila zinauliza jambo moja: kitu kilikuwa hivi, mara kikawa vile, nani kaamuru? Tumeamua kuzijibu pamoja kwa kutumia nadharia ya mifumo dinamiki. Ni tawi la hisabati linalofuatilia jinsi hali ya kitu inavyobadilika kadiri muda unavyokwenda, na tangu miaka ya 1980 limekuwa likitumika kuchunguza mwendo wa viungo, ukuaji wa watoto na hata hisia. Mara nyingi jibu lake ni kwamba hakuna aliyeamuru. Kulikuwa na kitu kimoja kinachoongezeka au kupungua polepole, bila mtu kukijali, hadi mpangilio wa zamani ukashindwa kusimama.

Shikamooni. Mwanangu alipozaliwa nesi alimshika kwapani, akamgusisha nyayo mezani, mtoto akapiga hatua kabisa. Sasa ana miezi mitatu, nikimsimamisha miguu inaning'inia tu. Mama mkwe anasema nimemharibu kwa kumbeba mgongoni mapema. Amepoteza nini? (Mama wa mtoto mmoja, Njombe)

Marahaba, mama. Hajapoteza kitu, na mbeleko haina kosa. Hatua hizo za kichanga huonekana kwa watoto wengi, na hufifia karibu na mwezi wa pili. Kwa miongo mingi vitabu vilieleza kwamba sehemu za juu za ubongo zimeanza kukomaa, zikaizima tabia hiyo ya kuzaliwa nayo. Mtafiti Esther Thelen wa Marekani hakuridhika, kwa sababu moja ambayo hata wewe unaweza kuiona leo jioni: mlaze mtoto chali, utamwona anarusha miguu kwa kupokezana, kulia kushoto, mpangilio uleule wa kutembea. Kama ubongo umeuzima, mbona chali haukuzimwa?

Mwaka 1984 yeye na wenzake walichapisha majaribio yaliyopinga maelezo hayo ya ubongo. Watoto waliokuwa bado wanapiga hatua walifungwa vizito vidogo miguuni, hatua zikapungua. Wengine walishikwa wima ndani ya maji yanayofika kifuani, hatua zikaongezeka. Ubongo ulikuwa uleule ndani na nje ya maji. Kilichobadilika ni uzito wa mguu ukilinganishwa na nguvu ya misuli, kwa maana katika miezi miwili ya kwanza mtoto hunenepa miguu kwa mafuta haraka kuliko anavyopata misuli. Akilala chali uzito wa mguu unamsaidia kuurudisha. Akisimamishwa anapaswa kuuinua wote.

Kwa jirani zako Kenya kuna ushahidi mwingine. Mwaka 1976 mtafiti Charles Super alieleza watoto wa Kipsigis, ambao mama zao huwafundisha kwa makusudi kukaa na kutembea. Walikaa na kutembea mapema kuliko watoto wa Marekani, lakini kwa kutambaa, ambako hakuna aliyewafundisha, hawakuwa na haraka hiyo. Na jaribio la Zelazo na wenzake la mwaka 1972 lilionyesha kwamba kichanga anayefanyizwa mazoezi ya hatua dakika 12 kwa siku, yaani dakika 3 mara 4, kuanzia wiki ya pili hadi ya nane, haziachi hatua zake. Hatukutajii hili ili uanze mazoezi. Mtoto asiyefanyizwa pia hutembea.

Vipimo vya Shirika la Afya Duniani vinaonyesha watoto wenye afya wakianza kutembea bila kushikwa popote kati ya miezi 8.2 na 17.6. Kliniki nenda ukiona mguu mmoja unacheza na mwingine hauchezi, au miguu imekakamaa na kupishana kila unapomwinua, au shingo haijakaza hata baada ya miezi minne. Hayo ndiyo ya kumwambia nesi, wala si hatua zilizofifia.

Mhadhiri alitaja modeli ya Haken, Kelso na Bunz, akaandika mlinganyo ubaoni, kipindi kikaisha. Naombeni kitu ninachoweza kukifanya mwenyewe hosteli nikaielewa. (Mwanafunzi wa saikolojia, Dodoma)

Modeli hiyo inaeleza jinsi vidole vya mikono miwili vinavyooanisha mwendo wao. Unahitaji vidole viwili na programu ya metronomu kwenye simu. Weka mikono mezani, viganja chini, vidole vya shahada vikiwa vimenyooshwa na vingine vimekunjwa. Vidole vya shahada visiguse meza, maana ukiguswa na meza unapata mhimili wa ziada na jaribio linaharibika. Utavichezesha upande kwa upande.

Kuna mitindo miwili. Katika wa kwanza, vidole vyote vinakwenda kushoto pamoja, kisha kulia pamoja. Kwa macho vinafuatana, lakini misuli inapishana: msuli unaovuta kidole cha kulia kuja ndani unakaza wakati pacha wake wa kushoto umelegea. Huo huitwa mpishano, na tofauti ya awamu kati ya vidole (yaani kimoja kimemwacha mwenzake kiasi gani katika mzunguko) ni nyuzi 180. Katika wa pili, vyote vinaingia ndani kwa pamoja na kutoka nje kwa pamoja. Misuli pacha inakaza wakati mmoja, tofauti ni nyuzi 0.

Weka metronomu kwenye milio 75 kwa dakika. Kila mlio ni mzunguko mmoja mzima, kwenda na kurudi. Anza na mpishano. Kaa kwenye kasi hiyo sekunde 8 hadi 10, kisha ongeza milio 15: 90, 105, 120, hivyo hivyo hadi 210. Mahali fulani, kwa watu wengi mizunguko miwili kwa sekunde au zaidi kidogo, vidole vitaanza kuyumba, kisha vitajikuta vinaingia na kutoka pamoja. Hukuamua. Sasa rudi chini taratibu hadi 75: havitarejea kwenye mpishano vyenyewe. Anza upya kwa mtindo wa nyuzi 0 na upande hadi 210, hakuna kitakachoruka.

Makosa ya kawaida ni matatu. La kwanza ni kushindana na vidole: ukikaza nia unaweza kuuahirisha mruko, kwa hiyo mwambie unayempima kwamba mtindo ukitaka kubadilika auachie, mradi asipoteze kasi. La pili ni kupunguza upana wa mwendo hadi kidole kinatetemeka tu. Hapo huwezi kujua mtindo ni upi. La tatu ni kamera. Kwenye kasi ya mizunguko 2.5 kwa sekunde, video ya picha 30 kwa sekunde inakupa picha 12 tu kwa mzunguko, yaani kila picha inaruka nyuzi 30. Tumia mwendo wa polepole wa picha 240. Utapata picha 96 kwa mzunguko, chini ya nyuzi 4 kila moja. Kisha tafuta picha ambayo kidole cha kulia kimefika mwisho wa nje na ile ambayo cha kushoto kimefika mwisho wake wa nje, hesabu picha zilizo katikati, gawanya kwa picha za mzunguko mzima, zidisha kwa 360. Hiyo ndiyo tofauti ya awamu.

Sasa maana yake. Chora mstari wa tofauti ya awamu kutoka 0 hadi 180, halafu fikiria ardhi yenye mabonde mawili, moja la kina kirefu kwenye 0 na jingine la kina kifupi kwenye 180, na golori moja. Kwenye kasi ndogo golori inaweza kukaa katika bonde lolote. Kasi inapopanda, bonde la 180 linajaa udongo kidogo kidogo hadi linakuwa kilima, golori inateremkia 0. Ukipunguza kasi bonde la 180 linachimbika tena, lakini golori imeshalala kwenye 0 na haina sababu ya kupanda. Ndiyo maana vidole havikurejea.

Hermann Haken alikuwa mwanafizikia wa Stuttgart aliyeanzia kwenye leza. Scott Kelso ndiye aliyefanya majaribio ya vidole. Modeli yao ilichapishwa mwaka 1985. Uzito wake, kwa maoni yetu, hauko kwenye kueleza mruko ambao tayari ulikuwa umeonekana. Uko kwenye mambo mawili iliyoyatabiri kabla ya mruko: kadiri bonde linavyopungua kina, golori itatikisika zaidi, na ukiisukuma itachelewa zaidi kurudi. Katika majaribio yaliyochapishwa mwaka 1986 na 1987 yote mawili yalipimwa na kuonekana. Kama kichwani kungekuwa na swichi tu ya kubadili mtindo A kwenda B, hakuna sababu ya A kudhoofika kwanza.

Kisha likaja jaribio la mwaka 1990 la Schmidt, Carello na Turvey. Watu wawili waliketi karibu, kila mmoja akibembeza mguu wake huku anamtazama mwenzake. Walipoanza kwa mpishano na kasi ikapandishwa, waliruka kwenda nyuzi 0 kama vidole vya mtu mmoja. Kati ya miguu ile hakukuwa na neva wala uti wa mgongo, kulikuwa na macho tu. Jaribu na mwenzako wa chumbani, miguu ikining'inia kutoka kitanda cha juu.

Mlinganyo wenyewe wa modeli ya Haken, Kelso na Bunz naweza kuuendesha kwenye Excel bila kujua programu nyingine? Nataka kuwaonyesha kidato cha sita. (Mwalimu wa hisabati, Tanga)

Unaweza, mwalimu, na dakika 10 zinatosha. Mlinganyo ni huu:

dφ/dt = −a sin φ − 2b sin 2φ

φ ni tofauti ya awamu kwa radiani. Uwiano b/a ndio unaoshuka kasi ya vidole inapopanda. Andika 1 kwenye D1 (hiyo ni a) na 1 kwenye D2 (hiyo ni b). Kwenye A2 andika 3, ambayo ni karibu na π, yaani karibu na nyuzi 180. Kwenye A3 andika:

=A2+0.05*(-$D$1*SIN(A2)-2*$D$2*SIN(2*A2))

Buruta hadi mstari wa 800, kisha chora grafu ya safu ya A. Kwa b = 1 namba inapanda upesi kwenda 3.1416, pengo la mwanzo linabaki theluthi moja hivi ndani ya mistari 7. Badilisha b iwe 0.3. Inakwenda kulekule, lakini pengo hilohilo sasa linataka mistari kama 100. Weka 0.26: zaidi ya 500. Hakuna kingine kilichobadilika, ila mfumo umekuwa mzito kurudi. Weka 0.2: namba inasitasita karibu na 3, kisha inaporomoka hadi sifuri, na kufikia mstari wa 250 hivi imeshatulia huko.

Wanafunzi wataithibitisha kwa kalamu. Chukua mteremko wa upande wa kulia wa mlinganyo pale φ = π: unapata a − 4b. Ukiwa hasi, bonde lipo. Ukiwa chanya, ni kilima. Mpaka ni b/a = 0.25. Pale φ = 0 mteremko ni −a − 4b, hasi siku zote, ndiyo maana mtindo wa nyuzi 0 hauvunjiki.

Yatakayowasumbua: Excel inasoma SIN kwa radiani, kwa hiyo anayeanza na 180 badala ya 3 atapata vioja. Anayeanza na =PI() kamili, hata akiweka b = 0.2, hataona namba ikisogea, maana juu kabisa ya kilima hakuna kinachoisukuma. Na anayeanza na 0.5 kwenye A2, kisha akaongeza hatua ya muda kutoka 0.05 hadi 0.5 akiwa na b = 1, ataona namba zinarukaruka kuzunguka sifuri bila kutulia. Hilo ni kosa la hatua kubwa, si tabia ya vidole; kwa a = 1 na b = 1 hatua lazima iwe chini ya 0.4.

Mwishoni ongeza mtikisiko: kwenye mwisho wa fomula weka +0.1*(RAND()-0.5), uburute tena. Pima mtawanyiko wa safu kwa STDEV ukiacha mistari 100 ya kwanza. Kwa b = 1 utapata kama 0.05 hivi; kwa b = 0.3, ikiwa namba haijatoroka bondeni, kama 0.2, karibu mara nne, ingawa mtikisiko ulioutia ni uleule. Namba hubadilika kila ukigusa kisanduku kwa sababu RAND hujihesabu upya, kwa hiyo rudia mara kadhaa uchukue wastani. Mara nyingine kwa b = 0.3 namba itatoroka kwenda sifuri, au kwenda 6.2832 (yaani 2π, ambayo ni nyuzi 0 ileile), kabla mpaka wa 0.25 haujafika. Usiseme fomula imekosea. Kwenye bonde la kina kifupi golori hutoroka hata kwa mtikisiko mdogo, na vidole vya wanafunzi wako vitafanya hivyohivyo.

Hii nadharia ya mifumo dinamiki si ndiyo ile ya kipepeo anayepiga mbawa Brazil kimbunga kikatokea kwingine? Nasikia inaeleza pia maisha ya mtu. (Msomaji, Bujumbura)

Kipepeo ni tawi moja tu, na kwenye tabia za watu ndilo lisilo na ushahidi mwingi. Mwaka 1961 Edward Lorenz aliingiza 0.506 mahali pa 0.506127 kwenye modeli ya hali ya hewa, matokeo yakaachana kabisa. Ili kuonyesha kitu kama hicho kwa binadamu unahitaji vipimo virefu, visivyo na makosa mengi, kutoka kwenye mfumo usiobadilika njiani. Yaani mtu asiyechoka, asiyejifunza, asiyeugua. Hakuna mtu wa hivyo. Sehemu iliyozaa matunda katika saikolojia ni kinyume chake: kueleza kwa nini tabia hubaki vilevile pamoja na misukosuko yote, na lini uimara huo huisha. Ukikuta kitabu cha kujiendeleza kinachokuahidi kubadili maisha kwa "nguvu ya kipepeo", weka hela yako mfukoni.

Niliugua sonona mwaka juzi, nikapona, bado natumia dawa. Najipa alama za hisia mara tatu kwa siku kwenye simu. Nimesoma kwamba hisia zikianza "kuchelewa kurudi" ni dalili ya sonona kurejea. Nahesabuje? Na grafu ikitulia naweza kuacha dawa? (Msomaji, Nairobi)

La dawa kwanza: hapana. Dawa hupunguzwa na daktari aliyekuandikia, hatua kwa hatua, na grafu ya simu haina uwezo wa kubeba uamuzi huo. Tutakueleza sababu kwa namba.

Wazo lenyewe limetoka palepale kwenye golori. Ikiwa hali ya uzima ni bonde linalopungua kina, basi siku mbaya moja itachukua muda mrefu zaidi kupita: alama ya leo mchana itafanana zaidi na ya asubuhi, na alama zitasambaa zaidi kuzunguka wastani. Mwaka 2014 van de Leemput na wenzake walionyesha dalili za namna hiyo kwa makundi ya watu. Mwaka 2016 Wichers na Groot walichapisha kisa cha mwanaume mmoja wa miaka 57 aliyejipima hadi mara 10 kwa siku kwa siku 239, dawa yake ikipunguzwa taratibu. Dalili zilipanda kabla ya sonona kurudi. Kisa hicho kilisambaa sana. Tafiti zilizofuata kwa watu wengi zaidi zimekuwa na matokeo mchanganyiko: wapo waliorudiwa bila dalili kuonekana, na wapo walioonyesha dalili bila kurudiwa.

Kama bado unataka kuhesabu, hesabu hivi. Tumia kipimo cha 0 hadi 100, usitumie cha 1 hadi 5. Kwenye kipimo kifupi alama zinagota ukutani, na namba zilizogota 1 hazina mtawanyiko wowote, kwa hiyo utaona "utulivu" wakati uko chini kabisa. Pima saa zilezile. Kwanza toa mwelekeo: kwa kila alama ondoa wastani wa siku saba zinazoizunguka, ubaki na tofauti. Usipofanya hivyo, wiki mbili za kuteremka polepole zitajitokeza kama kuchelewa kurudi. Kisha panga jozi: asubuhi na mchana, mchana na jioni. Usiunganishe jioni na asubuhi ya kesho, kwa sababu usiku ni pengo refu na usingizi unafuta mengi. Tumia CORREL, fomula ya Excel inayopima jozi zinavyofuatana, kwenye jozi za siku 30, halafu sogeza dirisha hilo la siku 30 siku moja moja.

Sasa tazama udhaifu wake. Jozi 2 kwa siku mara siku 30 ni jozi 60. Kosa la makadirio kwa jozi 60 ni kama 1 gawanya kwa kipeuo cha pili cha 60, yaani 0.13. Kwa hiyo ukitoka 0.30 kwenda 0.40 hujaona kitu, hata 0.30 kwenda 0.50 inaweza kuwa bahati. Halafu kuna wiki za mtihani, malaria, mwezi wa Ramadhani unaobadilisha saa za kula na kulala, ugomvi na mwenye nyumba. Hayo yanaongeza mtawanyiko kwa sababu misukumo imeongezeka, si kwa sababu bonde limepungua. Ndiyo maana mtawanyiko peke yake hautoshi. Mpaka vipimo vyote viwili, mtawanyiko na CORREL, viongezeke pamoja. Na msiba au kufukuzwa kazi ghafla unaweza kumrusha mtu nje ya bonde lenye kina kizuri, bila onyo la aina yoyote kwenye namba.

Kinachosaidia zaidi hakihitaji Excel. Kumbuka mara iliyopita ilianzaje: wengine huanza kwa kuamka saa tisa usiku, wengine kwa kutopokea simu, wengine kwa kukosa hamu ya chakula. Andika dalili zako mbili au tatu, mpe ndugu au rafiki unayeishi naye karibu, mkubaliane kwamba zikionekana zaidi ya wiki moja mnakwenda kliniki. Na ikija fikra ya kujidhuru, usisubiri dirisha la siku 30. Nenda hospitali siku hiyohiyo, au mwite mtu akupeleke.

Mtoto wa miezi tisa ninayemlea anaona kabisa nikificha toi chini ya kitambaa cha kulia, lakini mkono anaupeleka cha kushoto. Haoni vizuri? (Mlezi wa kituo cha watoto, Mombasa)

Anaona, dada. Ni kosa maarufu lililoelezwa na mwanasaikolojia Jean Piaget, na huonekana zaidi kati ya miezi 8 na 12. Hutokea ukiwa umeficha kushoto mara kadhaa akachukua huko, kisha ukahamia kulia na kumchelewesha sekunde 3 hivi kabla ya kumwachia. Piaget aliona kwamba mtoto bado hajaelewa vitu huendelea kuwepo visipoonekana. Smith, Thelen na wenzao walionyesha mwaka 1999 kwamba kosa linatokea hata pasipo kufichwa kitu chochote: ukitikisa kifuniko tu na kumpa mtoto, mkono unarudi upande uliozoea. Kinachoshindana ni kumbukumbu ya mkono uliokwenda kushoto mara nyingi na alama dhaifu ya kulia inayofifia kwa kila sekunde.

Jaribu mwenyewe. Ficha kushoto mara 5 mtoto akiwa amekaa, kisha mwinue asimame ukimshika kiunoni, ndipo ufiche kulia. Wengi hupatia, kwa kuwa mkono ulijifunza ukiwa kwenye mwili uliokaa, na mwili uliosimama hauuvuti vilevile. Unaweza pia kumwachia papo hapo bila kumchelewesha. Toi liwe kubwa kuliko mdomo wake.

Kwa hiyo akili si kompyuta? (Msomaji, Goma)

Mwaka 1995 mwanafalsafa Tim van Gelder aliuliza hivyo akitumia mfano wa kidhibiti cha injini ya mvuke cha James Watt: mipira miwili inayozunguka, ikipanda inapunguza mvuke, ikishuka inauongeza. Hakuna hatua ya kupima, kisha kuhesabu, kisha kuagiza; kasi na mipira vinaathiriana muda wote. Tabia nyingi ziko hivyo, hasa zile ambazo muda ndio kila kitu, kama kutembea, kupokezana maneno, kuruka kamba. Lakini mtu anayegawanya 1,764 kwa 42 kichwani anashika alama na kufuata kanuni, na hatujaona modeli ya mabonde iliyoeleza hilo vizuri kuliko maelezo ya kompyuta. Wanaotaka nadharia moja imeze nyingine tunawaacha wabishane.

Nikitembea haraka na binti yangu wa miaka sita kwenda shule, yeye anakimbia-kimbia kila mara. Namwambia tembea, anatembea hatua chache anaanza tena. Ni utundu? (Baba, Mwanza)

Ni urefu wa mguu. Kila mwili una kasi ambayo juu yake kutembea hakukai, na unaikadiria hivi: chukua urefu wa mguu kutoka nyongani hadi sakafuni kwa mita, zidisha kwa 9.81, zidisha kwa 0.5, tafuta kipeuo chake cha pili. Mguu wako ukiwa mita 0.9 unapata mita 2.1 kwa sekunde, sawa na kilomita 7.6 kwa saa. Mguu wake ukiwa mita 0.5 ni mita 1.57, kilomita 5.6 kwa saa. Ukienda kilomita 6 kwa saa, wewe uko chini ya mpaka wako na yeye ameshavuka wake.

Yale ya kutembea hatua chache kisha kukimbia tena yanaonyesha yuko karibu kabisa na mpaka, ambako mitindo yote miwili inawezekana kwa muda. Watu wazima kwenye mashine ya kukimbilia hufanya vivyo hivyo: kasi inayowatoa kwenye kutembea ikipanda huwa tofauti kidogo na ile inayowarudisha ikishuka. Kwa hiyo ukishamwona ameanza kukimbia, kupunguza mwendo kidogo hakutoshi. Shuka hadi kilomita 5 au chini ya hapo, ambayo ni mita 100 kwa sekunde 72, na mbebee begi.